Picha ya Sinema na Baraza la Kijiji

Wasomaji wa gazeti letu, muhula huu nimeombwa niandike habari za kikundi chetu cha sinema hapa shuleni Musoma. Sitaanza na kamera wala bei yake. Yafaa kwanza tujiulize picha hizi zina faida gani, na ni lini huwa na faida.

Watu wengi wakisikia neno sinema hukumbuka vibanda vya mjini, ambako vijana hulipa fedha kidogo wakatazama watu wakirushiana mateke, huku mfasiri akitia maneno ya mzaha. Siichukii burudani hiyo. Mjomba wangu ana kibanda cha namna hiyo Bunda, na karo yangu ya Kidato cha Kwanza ilitoka humo. Lakini iko sinema ya namna nyingine, ambayo ndani yake hamna mwigizaji hata mmoja. Mtu huonyeshwa nyumbani kwake, akifanya kazi yake ya kila siku, akieleza shida yake kwa kinywa chake mwenyewe. Siku hizi duniani kote wanyonge wamezitumia picha kama hizi kudai haki zao. Anayenyang'anywa shamba huonyesha mipaka yake. Anayekunywa maji machafu huonyesha kisima chake. Mkubwa aliyekuwa akisema, "Sikupata habari," hukosa la kujibu.

Hata hivyo, nimekwisha ona kwamba picha peke yake haileti haki. Huisaidia haki pale tu inapofuatwa na baraza, na wenye shida wawe wa kwanza kuiona na wa kwanza kuisemea. Hilo ndilo neno langu, na nitajaribu kulithibitisha.

Sinema ya mafunzo si kitu kipya katika nchi yetu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, Waingereza walifanya jaribio kubwa huko Vugiri, katika milima ya Usambara. Walitengeneza picha 35 zilizohusu kilimo, afya na desturi, kisha wakazipakia katika lori pamoja na mashine yake, wakazizungusha Tanganyika, Kenya, Uganda, na hata Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland. Watu walikusanyika kwa maelfu. Hapana shaka walistaajabu. Lakini aliyeamua nini kipigwe picha alikuwa mgeni, na mwanakijiji alikuwa mtu wa kufundishwa tu. Hakuulizwa yeye ana shida gani. Lori likiondoka, giza lilirudi, na kila mtu akaenda kulala.

Linganisheni jambo hilo na kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Hiyo haikuwa sinema, ilikuwa redio. Watu wapatao milioni mbili walikaa katika vikundi vijijini, wakasikiliza kipindi, kisha redio ikazimwa na wao wakaanza kuulizana: je, sisi hapa tuna vyoo? Maji yetu tunachemsha? Nani atachimba, na lini? Wazee wetu waliochimba vyoo mwaka ule bado wanakumbuka. Siri ya kampeni ile haikuwa sauti iliyotoka redioni. Ilikuwa maneno yaliyosemwa baada ya redio kuzimwa.

Kadhalika, katika miaka ya 1990, mradi mmoja uliosaidiwa na nchi ya Finland huko Mtwara na Lindi uliwapa wavuvi nafasi ya kusema mbele ya kamera. Walieleza jinsi uvuvi wa baruti unavyovunja matumbawe na kuua samaki wachanga. Picha zilionyeshwa vijijini, watu wakajadiliana, kisha wakubwa wakaonyeshwa yale yaliyosemwa. Hapo kamera ilikuwa kama mjumbe anayetumwa na watu wenyewe, naye akarudi kuwaeleza alikofika.

Sasa nije kwenye ziwa letu. Mwaka 2004 mtengenezaji mmoja wa filamu kutoka Austria, Hubert Sauper, alitoa picha iitwayo Darwin's Nightmare. Aliipiga Mwanza. Inahusu sangara, samaki aliyeletwa katika Ziwa Viktoria katika miaka ya 1950, na ndege zinazobeba minofu yake kwenda Ulaya huku maskini wakianika vichwa na mifupa iliyobaki, ambayo sisi huiita mapanki. Picha hiyo ilipata sifa kubwa Ulaya, na mwaka 2006 iliteuliwa kugombea tuzo ya Oscar. Mwaka uo huo Rais Jakaya Kikwete aliipinga hadharani, akisema inaipaka nchi matope. Basi kukawa na ubishi mkubwa. Wengine walisema ni ya kweli, wengine wakasema imetiwa chumvi, hasa maneno yake juu ya silaha.

Mimi nilizaliwa baada ya ubishi huo, lakini nimeusoma na picha yenyewe nimeitazama. Jambo moja lilinisikitisha. Katika kelele zile zote, watu walishindania jina la nchi, na yule mama anayegeuza mapanki juani hakuulizwa tena neno. Alikwisha onekana Paris na Hollywood. Je, moshi ulipungua machoni pake? Bei ya samaki ilibadilika sokoni kwake? Picha inayosafiri mbali kabla ya kukaa nyumbani huwapa wageni huzuni na wenyeji hasira, na yule mwenye shida hubaki pale pale.

Hapa mkoani Mara tunayo filamu nyingine ya kutazamia. Mwaka 2018 mwandishi wa habari wa Kanada, Giselle Portenier, alitoa filamu iitwayo In the Name of Your Daughter. Inahusu wasichana wa wilaya ya Serengeti waliokimbia makwao usiku ili wasikeketwe, wakapokewa katika nyumba salama ya Mugumu. Aliyeiongoza nyumba hiyo ni mama Rhobi Samwelly, mzaliwa wa mkoa huu, ambaye mwenyewe alikeketwa akiwa msichana na nusura afe kwa kutoka damu. Baadaye alianzisha shirika linalosimamia nyumba salama mbili, ya Mugumu na nyingine katika wilaya yetu ya Butiama.

Najua kwamba baadhi ya wazazi watakaosoma ukurasa huu watasema haifai mambo ya ndani kuandikwa katika gazeti la shule. Kwa heshima zote nawajibu kwa mithali ya wazee wetu: mficha uchi hazai. Jambo hili halifanyiki mbali. Kwa hesabu za utafiti wa afya wa taifa wa mwaka 2015 na 2016, katika kila wanawake 100 wa mkoa wa Mara wenye umri wa miaka 15 hadi 49, wanawake 32 walikuwa wamekeketwa. Katika utafiti wa mwaka 2022 walikuwa 28. Kwa Tanzania nzima walikuwa 8. Hesabu inashuka, nasi tushukuru, lakini bado ni kubwa. Na sheria ipo tangu mwaka 1998: anayemkeketa msichana aliye chini ya miaka 18, au mzazi anayesababisha jambo hilo, aweza kufungwa miaka 5 hadi 15, au kutozwa faini isiyozidi shilingi 300,000, au kupewa adhabu zote mbili.

Filamu ya mama Portenier niliitazama hapa mjini kwa msaada wa mwalimu mmoja. Kilichonigusa zaidi si kilio. Ni pale wazazi wanapokuja nyumba salama kuonana na binti zao baada ya msimu kwisha, wakaketi mbele ya watu, wakaulizwa: je, mtamchukua mtoto bila kumkata? Baba anasema ndiyo, binti anamtazama usoni apime ukweli wake. Huwezi kuliona jicho lile katika hotuba wala katika bango. Hapo nilielewa nguvu ya kamera.

Lakini picha hiyo ni ndefu, na ilizunguka nchi nyingi. Nguvu ya picha fupi, tena ya nyumbani, niliiona kijijini kwetu likizo iliyopita, na habari hiyo nataka kuieleza kwa urefu kidogo.

Sisi ni Wakurya tuliohamia upande wa Kiabakari, kando ya barabara iendayo Bunda. Vijana wa kujitolea walitengeneza picha ya dakika kama ishirini, wakapata kibali cha serikali ya kijiji kuionyesha. Mjomba wangu wa Bunda aliwaazima jenereta na vipaza sauti, nasi tukatundika shuka jeupe kwenye ukuta wa shule ya msingi. Watu walikuja na viti vyao. Watoto walikaa chini mbele, wazee upande wa kulia, akina mama upande wa kushoto, nasi vijana tukasimama nyuma.

Katika picha walisema watu watatu. Wa kwanza alikuwa ngariba aliyeacha kazi hiyo. Alieleza bila kujitetea jinsi alivyolipwa, na jinsi siku moja damu ilivyokataa kukatika. Wa pili alikuwa mama aliyemkatalia shemeji yake asimpeleke binti. Wa tatu alikuwa msichana, lakini uso wake haukuonyeshwa. Tuliona mikono yake tu, akichambua mchele katika ungo, na sauti yake ikasema kwamba yeye alitaka kumaliza Darasa la Saba.

Bibi yangu aliniita, akaninong'oneza, "Hii ni picha ya Wazungu?"

Nikamjibu, "Hapana, bibi."

Akasema, "Nauliza kwa sababu huyu mama wa pili namjua. Huuza dagaa mnadani. Hunipimia vizuri."

Tazameni, wasomaji, jambo hilo dogo lilivyo kubwa. Bibi angeweza kulipuuza neno la mgeni, hata neno la bwana mkubwa. Lakini hakuweza kulipuuza neno la mwanamke anayempimia dagaa vizuri.

Jenereta ilipozimwa, mwenyekiti wa kijiji akafungua baraza kwa taa ya pikipiki. Watu walinyamaza kwa muda. Ndipo mzee mmoja wa mila aliposimama akiegemea fimbo yake. Hakukasirika. Alisema, "Tumewaona, na mwenye macho haambiwi tazama. Lakini neno hili mnawauliza wazee peke yao. Mimi baba namwogopea binti yangu. Akibaki vile alivyo, wataimba juu yake kisimani kwamba ni msagane, na hatakuja mtu kutoa ng'ombe. Basi leo nawauliza ninyi vijana mnaosimama nyuma, ninyi mliosoma. Nani kati yenu atamwoa? Asimame mbele tumwone."

Hakuna aliyetarajia swali hilo. Wote tuligeuka kutazamana. Tulikuwa tumekuja kuwaona wazee wakishindwa, kumbe swali lilikuwa letu. Mwisho kijana mmoja anayeendesha bodaboda, ambaye hakufika hata Kidato cha Pili, akapita katikati ya watu akasimama mbele.

"Mimi, mzee."

Watu wakacheka. Mzee hakucheka. Akamwuliza, "Kwa ng'ombe wangapi?"

"Wale wale."

Kicheko kikakatika. Kijana wa pili akatoka, na wa tatu, nami nikawa wa nne. Hata mwisho tukawa saba. Mzee akamgeukia ofisa mtendaji wa kijiji akamwambia, "Waandike majina. Kesho wasije wakasema walikuwa wamelewa." Majina yetu saba yakaandikwa katika daftari la kijiji, na daftari hilo lipo hadi leo.

Je, mambo yamekwisha? La. Nyumbani kwetu yupo mdogo wangu mwenye umri wa miaka kumi na mitatu. Baba usiku ule alibeba kiti chake akarudi nyumbani bila kusema neno. Juma moja lilipita. Siku moja tulipokuwa tukikamua ng'ombe akaniuliza kwa ghafula, "Yule wa pikipiki, baba yake ana ng'ombe kweli?" Nikamwambia ndiyo, wako kama kumi na wanne. Akanyamaza tena. Hajasema atafanya nini, nami nikimwuliza hunijibu kwamba Desemba haijafika. Lakini namjua baba yangu. Mtu aliyekwisha kata shauri hahesabu ng'ombe wa jirani. Anafikiri, na kabla ya picha ile alikuwa hafikiri. Alikuwa akifuata tu.

Hiyo ndiyo kazi ya sinema ninayoisifu. Haikumshinda mtu wala kumwaibisha. Ilifungua mlango, na swali lililopita mlangoni halikutoka katika picha. Lilitoka kwa mzee mwenyewe. Penye wengi hapaharibiki neno.

Kwa sababu hiyo kikundi chetu kimekubaliana mambo matano kabla ya kugusa kamera, nami nayaandika hapa ili walimu na wazazi watupime kwayo.

Kwanza, kuomba ruhusa. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ipo tangu mwaka 1976, na Bodi ya Filamu ndiyo inayosimamia kazi hizi. Tutapita kwa Mkuu wa Shule, kwa ofisi ya kijiji, na kwa kila mtu tutakayempiga picha, akubali kwa hiari yake. Akikataa, tutamshukuru na kuondoka.

Pili, sura ya mtoto aliyeonewa haitaonekana, wala jina lake, wala nyumba yao, wala sare ya shule yake. Simu ya mkononi yaweza kuipeleka sura hiyo mahali pengi kwa dakika moja, na hakuna awezaye kuirudisha. Mtoto aliyekimbia kisu asije akakimbia tena macho ya watu.

Tatu, kutokata maneno ya mtu kwa hila. Aliyesema "sikukubali mwanzoni" asionyeshwe akisema "sikukubali" tu. Mkasi wa mtengeneza picha nao waweza kudhulumu.

Nne, waliopigwa picha wataiona kwanza wao wenyewe, kabla ya mtu mwingine, na wakisema sehemu fulani iondolewe, itaondolewa.

Tano, hatutaonyesha shida bila kuonyesha njia. Mwisho wa kila picha tutaeleza msaada ulipo: dawati la jinsia na watoto katika kituo cha polisi, ofisi ya ustawi wa jamii, nyumba salama, na namba 116 ya simu ya watoto. Njia ni kitu kikubwa. Vijiji vingi vya mkoa wetu havikuwamo katika ramani, na polisi waliopigiwa simu usiku hawakujua waende wapi. Tangu mwaka 2015 watu wa kujitolea katika mpango uitwao Crowd2Map wamekuwa wakichora barabara, nyumba na vijiji vyetu katika ramani ya wazi, ili anayeitwa apate kufika. Picha humfanya mtu ainuke kitini. Ramani humfikisha mlangoni.

Wengine wameniuliza kwa nini tusichague jambo jepesi zaidi, kama michezo ya shule au nyumba ya makumbusho ya Mwalimu Nyerere pale Butiama. Pengine tutayafanya hayo pia, maana ni vizuri. Lakini Mwalimu, ambaye alitoka Butiama akaja kusoma Mwisenge hapa Musoma mwaka 1934, hatukumbuki nyumba yake tu. Twakumbuka kwamba alikaa na watu akajadiliana nao. Tukipiga picha ya kaburi lake na tukaogopa kupiga picha ya shida ya mtoto anayeishi maili chache kutoka hapo, tutakuwa tumeheshimu jiwe tukamsahau mwenye jiwe.

Mwisho, nina maneno kwa kila mmoja wenu. Walimu wetu wapenzi, Desemba shule hufungwa, na mara nyingi katika miaka inayogawanyika kwa mbili ndipo koo zetu hutangaza msimu. Tunaomba picha fupi ionyeshwe na baraza lifanyike kabla ya kufunga shule, si baada ya kufungua, tunapohesabu madawati yaliyo matupu.

Wazazi wetu, msiogope kamera. Njooni mtazame, kisha mseme, hata kama mtasema tumekosea. Ukimya wenu ndio unaotutisha.

Nanyi wavulana wenzangu, swali la yule mzee bado limesimama, na halikuulizwa kijijini kwetu peke yake. Laweza kuulizwa Bunda kesho, na Tarime, na hapa hapa Musoma. Msingoje jenereta iletwe ndipo mfikiri. Binti hukatwa kwa sababu baba anaamini kwamba wewe utamkataa. Mwambie baba huyo mapema kwamba hutamkataa, umwambie mbele ya watu, na useme ng'ombe ni wale wale. Neno hilo halihitaji kamera. Daftari la kijiji lina kurasa nyingi, na majina yaliyomo bado ni saba.